Mamba Mwenye Jina: Historia Fupi ya Makumbusho Hai ya Bujumbura na Mwambao wa Kabezi

Mwalimu wa Kiswahili anapofundisha majina ya wanyama huanza, kama ilivyo desturi, na simba, tembo na twiga. Mamba huja mwishoni, tena kwa sentensi moja tu ya mazoezi: "Mamba anaishi majini." Mwanafunzi aliyekulia Dodoma huinakili sentensi hiyo bila wasiwasi, kisha hufungua ukurasa unaofuata. Mwanafunzi aliyekulia Kabezi, Magara, Minago au Rumonge huenda akaitazama mara mbili. Maji yanayotajwa hapo ndiyo anayoteka mama yake, ndiyo anayooga mdogo wake, na ndiyo anayoyavukia baba yake usiku akienda kuvua ndagala. Kwake yeye sentensi ile si zoezi la sarufi. Ni onyo.

Katika toleo hili tumeona vyema tuwaletee wasomaji wetu, walimu kwa wanafunzi, historia fupi ya mahali ambapo mamba huyo wa kitabuni huonekana kwa macho. Mahali penyewe ni bustani ya wanyama na makumbusho ya mjini Bujumbura iitwayo kwa Kifaransa Musée Vivant, yaani Makumbusho Hai. Hata hivyo, hatutabaki ndani ya ua wake. Tutatoka nje tushike barabara ya Rumonge hadi Kabezi, kwa sababu mamba wa mjini haeleweki bila mamba wa ziwani. Na kwa kuwa sisi ni watu wa lugha, tutaongozwa na swali la lugha: ni nani aliyewapa majina viumbe na mahali pa mwambao huu, na ni nani aliyebaki bila kutajwa?

Ziwa, barabara na wapiga makasia

Ziwa Tanganyika lina urefu wa kilomita zipatazo 670, na kina chake hufika takriban mita 1,470. Ni la pili duniani kwa kina baada ya Ziwa Baikal la Urusi. Nchi 4 zinaligawana: Burundi, Tanzania, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo na Zambia. Kwa upande wa Burundi, barabara kuu ya kusini hutoka Bujumbura ikaambaa na ziwa, ikipita Kabezi baada ya kilomita 20 hivi, kisha Magara na Minago, hadi Rumonge na mbele zaidi Nyanza-Lac. Msafiri huwa na vilima upande wa kushoto na maji upande wa kulia. Kati ya vilima na maji kuna ukanda mwembamba wa ardhi tambarare, na katika ukanda huo ndimo watu wanamojenga, wanamolima mihogo, migomba na michikichi, na wanamoanika dagaa. Mamba naye anautaka ukanda huohuo, maana hutaga mayai mchangani na huota jua ufukweni. Ugomvi wa mtu na mamba mahali hapa ni, kwa kiasi kikubwa, ugomvi wa kugombea ufukwe.

Kiswahili kilifika katika mwambao huu kwa njia ya maji. Katika karne ya 19, wafanyabiashara Waarabu na Waswahili waliokuwa na makao Ujiji walikuwa wakivuka na kupita kando ya ziwa wakitafuta pembe za ndovu na watumwa, na Rumonge ikawa mojawapo ya vituo vya mwambao. Hadi leo Rumonge, pamoja na mitaa ya Bujumbura kama Buyenzi, ni mahali ambapo Kiswahili kinasikika sokoni na barazani sambamba na Kirundi.

Wazungu waliokuja baadaye walipita njia zilezile na kutumia lugha ileile. Richard Burton na John Speke walifika Uvira mwaka 1858, wakitaka kujua kama mto Rusizi unatoka ziwani au unaingia ziwani. Waliambiwa na wenyeji kwamba unaingia, lakini hawakuufikia mdomo wake. Mwezi Novemba 1871 David Livingstone na Henry Morton Stanley walitoka Ujiji kwa mtumbwi ili wamalize swali hilo. Waliona kwa macho yao kwamba Rusizi unaingia ziwani, sawasawa na wenyeji walivyosema miaka 13 kabla. Katika kitabu chake cha safari hiyo Stanley alitaja wingi wa mamba katika eneo la mdomo wa mto.

Wakiwa njiani walilala Mugere, kusini mwa Bujumbura, upande huu wa Kabezi. Hapo liko jiwe kubwa lililochorwa majina yao wawili na tarehe 25 Novemba 1871, na wageni hupelekwa kulitazama. Tunaomba msomaji alikumbuke jiwe hilo, tutalirudia. Kwa sasa itoshe kusema kwamba mtumbwi ule haukwenda kwa nguvu za Livingstone na Stanley. Ulikwenda kwa makasia ya watu walioyajua maji, walioweza kutofautisha gogo linaloelea na mamba aliyetulia, na waliokuwa wakipeana maneno ya tahadhari kwa Kiswahili na kwa lugha za mwambao. Majina yao hayamo juu ya jiwe.

Bustani ya mjini

Makumbusho Hai ya Bujumbura yalianzishwa mwaka 1977 na serikali ya Burundi. Nchi ilikuwa na umri wa miaka 15 tangu uhuru wa tarehe 1 Julai 1962, na mwaka mmoja kabla, Novemba 1976, Jean-Baptiste Bagaza alikuwa ametwaa madaraka. Ulikuwa wakati ambapo mataifa mengi machanga ya Afrika yalijenga makumbusho ili yajionyeshe yenyewe kwa raia wake na kwa wageni. Waasisi wa Bujumbura hawakutaka ukumbi wa vioo na vumbi peke yake. Waliweka pamoja mambo mawili ambayo kwa kawaida hutenganishwa, yaani utamaduni na wanyama. Ndani ya ua mmoja mgeni hukuta makazi ya kienyeji yaliyojengwa upya, vyombo vya nyumbani na ngoma, mafundi wenye karakana zao, bustani ya miti na maua, na pia mamba, nyoka na wanyama wengine walio hai. Hapo ndipo neno "hai" lilipopata maana yake.

Tusiikuze bustani hii kuliko ilivyo. Si kubwa. Hesabu iliyotolewa mwishoni mwa 2016 ilitaja mamba 6, sokwe 2, chui 1, tumbili 1, kanga 3, kobe 1 na swala 1, pamoja na nyoka na samaki kadhaa. Mtu aliyezoea Serengeti anaweza kutabasamu. Lakini kwa mtoto wa shule ya msingi wa vilimani, ambaye hajapata kuona mamba isipokuwa katika mchoro, mamba 6 ni wengi. Kwa mtoto wa mwambao, hiyo huwa mara ya kwanza kumtazama mamba kwa utulivu, akamwona jinsi anavyopumua, asilazimike kukimbia.

Makumbusho haya ni mmoja tu katika ukoo mkubwa. Mjini Nairobi, bustani ya nyoka iliyo jirani na makumbusho ya taifa ilifunguliwa mwaka 1961. Katika pwani ya Kenya, James Ashe, ambaye alikuwa amewahi kuwa msimamizi wa bustani hiyo ya Nairobi, alianzisha shamba la nyoka la Bio-Ken huko Watamu mwaka 1980. Nyali, Mombasa, kuna Mamba Village, ambako watalii huenda kutazama mamba wakilishwa. Karibu na Arusha kuna bustani ya nyoka ya Meserani, ya mwaka 1993. Jambo la kukumbukwa ni kwamba mbili kati ya hizo, Watamu na Meserani, hazikuishia kuonyesha nyoka. Zimejulikana pia kwa kuwasaidia watu wa vijiji vya jirani walioumwa na nyoka. Yaani nyumba ya watambaazi inaweza kuwa mahali pa mgeni kupiga picha, na inaweza pia kuwa mahali pa jirani kuokolewa. Tofauti hiyo ni kubwa.

Aidha, sheria zilibadilika katika miaka hiyohiyo. Katikati ya karne ya 20 mamba wa Afrika waliwindwa mno kwa ajili ya ngozi, iliyotengenezwa mikoba na viatu Ulaya. Mkataba wa kimataifa wa kudhibiti biashara ya viumbe vilivyo hatarini ulianza kutumika mwaka 1975, na Burundi ilijiunga nao mwaka 1988. Mwaka 1980 taasisi ya taifa ya mazingira iliundwa, na eneo la Rusizi likapewa ulinzi. Tangu 2014 kazi za taasisi hiyo zimekuwa chini ya ofisi ijulikanayo kwa kifupi cha Kifaransa kama OBPE. Kwa hiyo, katika muda wa kizazi kimoja, mamba alitoka kuwa windo akawa kiumbe anayelindwa. Mvuvi wa Kabezi alibaki palepale, katika mtumbwi uleule.

Mamba aliyepewa jina

Sasa tufike kwa mamba mashuhuri kuliko wote wa Burundi, ambaye hakuwahi kulala hata usiku mmoja ndani ya Makumbusho Hai.

Patrice Faye ni Mfaransa aliyeishi Burundi miaka mingi na kujishughulisha na watambaazi. Katika miaka ya mwisho ya karne iliyopita alianza kumfuatilia mamba mmoja mkubwa kupita kiasi, aliyeonekana katika mto Rusizi na mwambao wa kaskazini wa ziwa. Alimpa jina Gustave. Mamba huyo alitambulika kwa makovu 3 ya risasi mwilini na kovu kubwa zaidi begani upande wa kulia. Walioshuhudia walikadiria kwamba urefu wake ulizidi mita 6. Mwanzoni ilidhaniwa kwamba alikuwa na umri wa miaka 100, lakini ilipoonekana kwamba meno yake bado yalikuwa kamili, makadirio yakashuka hadi miaka 60 au pungufu. Hakuna aliyempima kwa kamba wala kwa mizani, kwa sababu hakukamatwa.

Jaribio la kumkamata lilifanywa, na filamu yake ilioneshwa mwaka 2004. Faye na wenzake walitengeneza ngome ya chuma yenye urefu wa mita 9 hivi na uzito wa tani moja, wakaitega majini pamoja na vyambo mbalimbali. Mamba huyo hakuingia. Waliongeza mitego mingine, wakapata mamba wadogo tu. Mwisho waliweka mbuzi hai ndani ya ngome. Usiku huo dhoruba ilipiga na kamera ikaacha kufanya kazi. Asubuhi walikuta ngome imezama nusu na mbuzi hayupo. Mwaka 2007 Marekani ilitoa filamu ya kutisha, Primeval, iliyoyatumia masimulizi yake, ingawa ilipigwa Afrika Kusini. Tangu hapo Gustave amekuwa jina la dunia. Mwaka 2019 ilitangazwa katika jarida moja la safari kwamba ameuawa, lakini habari hiyo haikuthibitishwa.

Kuna idadi inayorudiwa katika kila simulizi la Gustave: watu 300. Inasemekana aliua watu 300. Idadi hiyo haikuthibitishwa kamwe, na mwalimu makini hana budi kuwaambia wanafunzi wake hivyo. Ziwa lina mamba wengi, na si rahisi kwa mtu aliyemwona mwenziwe akivutwa majini kupekua makovu ya mnyama. Ni dhahiri kwamba vifo vingi vilivyosababishwa na mamba mbalimbali vimekusanywa vikawekwa kwenye hesabu ya mmoja, kama vile katika hadithi zetu visa vingi vinavyokusanywa kwa Abunuwasi.

Lakini si hilo linalotusumbua zaidi. Kinachotusumbua ni kwamba mnyama ana jina, ana makadirio ya umri, ana kumbukumbu ya makovu yake moja moja, ana filamu mbili. Na wale wanaosemekana kuliwa wana tarakimu tu, tena ya mviringo. Walikuwa na majina. Mmoja alikuwa akiosha vyombo, mwingine akitega nyavu, mwingine ni mtoto aliyekwenda kuoga baada ya shule. Isitoshe, miaka hiyo ilikuwa ya vita. Baada ya kuuawa kwa Rais Melchior Ndadaye tarehe 21 Oktoba 1993, Burundi iliingia katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyodumu zaidi ya miaka 10. Watu wengi wa Bujumbura Vijijini, mkoa uliokuwa ukiihusu Kabezi, waliondolewa majumbani mwao, na mwaka 1999 walikusanywa makambini. Katika wakati kama huo, ni nani angeandika kwamba fulani binti fulani alichukuliwa na mamba siku fulani? Kifo chake kiliingia katika wingi wa vifo. Mgeni alipokuja kuuliza habari za mamba, alipewa habari za mamba.

Majina matatu ya mwambao

Tukiyaweka mambo haya pamoja, tunaona desturi moja iliyodumu zaidi ya miaka 100. La kwanza ni jiwe la Mugere, lenye majina ya wageni wawili, bila jina la mpiga kasia hata mmoja.

La pili ni nyoka. Katika Ziwa Tanganyika kuna swila wa maji, nyoka mwenye sumu anayekula samaki na kujificha katika mawe ya ufukweni. Wavuvi humkuta nyavuni. Jina lake la kisayansi linabeba jina la Storms. Émile Storms alikuwa ofisa Mbelgiji aliyejenga kituo cha Mpala, upande wa magharibi wa ziwa, mwaka 1883. Mwaka 1884 watu wake walimshambulia na kumuua mtemi Lusinga, na fuvu la mtemi huyo likapelekwa Ubelgiji. Miaka miwili baadaye, 1886, mtaalamu wa Brussels alimweleza nyoka huyu katika maandishi ya sayansi na kumtunuku Storms jina lake. Sanamu ya Storms iliyokuwa mjini Brussels iliondolewa mwaka 2022. Nyoka hakuulizwa, naye bado analibeba jina hilo.

La tatu ni mamba wetu Gustave.

Hatusemi kwamba waliotoa majina hayo wote walikuwa sawa. Mtu aliyetumia miaka yake kuwafahamu watambaazi wa Burundi hawezi kuwekwa kapu moja na mtu aliyechukua fuvu la mtemi. Tunachosema ni kwamba jina hufuata kalamu. Anayeandika ndiye anayeita. Watu wa mwambao walikuwa na maneno yao kwa viumbe hivi karne nyingi kabla ya 1858, lakini maneno hayo yalikaa mdomoni, na ya mdomoni hupotea anapofariki mzee.

Neno mamba lenyewe

Hapa tunaingia katika shamba letu wenyewe. Kirundi humwita mamba ingona. Kusini kabisa mwa ziwa, kwa Kibemba, huitwa ing'wena. Luganda husema ggoonya. Kishona husema ngwena na Kizulu ingwenya. Mwanafunzi yeyote wa isimu linganishi ataona kwamba hawa ni ndugu. Kiswahili, ambacho ni ndugu yao pia, husema mamba. Kinachofurahisha ni kwamba Kizulu nacho kina neno linalofanana na hilo, imamba, lakini kwa Kizulu ni nyoka mwenye sumu kali, yule ambaye Waswahili wengi humwita koboko. Lugha za Ulaya zilichukua neno hilo kusini mwa Afrika. Ndiyo maana mgeni anayejifunza Kiswahili, akiambiwa kwamba mtoni kuna mamba, huanza kutazama matawi ya miti badala ya maji. Kosa hili tumelikuta darasani mara nyingi. Linachekesha darasani, ila ukingoni mwa ziwa halichekeshi.

Kwa wanafunzi Warundi kuna mzaha mwingine. Kwa Kirundi kugona ni kukoroma, kwa hiyo ingona husikika kama "mkoromaji", naye mamba dume kweli hunguruma. Hatudai kwamba asili ya neno ni hiyo, ila mzaha husaidia kumbukumbu, na mwalimu mwerevu huutumia.

Kuna pia semi. "Usimtukane mamba kabla hujavuka mto" ni methali inayofundishwa kama funzo la adabu kwa wakubwa na wenye nguvu. Mtu wa Kabezi huielewa bila kuhitaji fasiri, maana kwake mto upo na mamba yupo. Hali kadhalika kuna msemo mzito zaidi, wa "mamba wa kutumwa". Katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki na Kati, mtu akichukuliwa na mamba, baadhi ya jamaa husema mnyama yule hakuja mwenyewe bali ametumwa na mtu. Msemo huo umekuwa njia ya kutafuta sababu pale ambapo maumivu hayana sababu. Lakini umekuwa pia chanzo cha kumnyooshea kidole jirani, na mara nyingi jirani huyo ni mzee asiye na mtetezi. Kwa hiyo kifo kimoja huzaa madhara ya pili ufukweni.

Mtu ambaye amemtazama mamba kwa karibu mahali salama, akaelezwa kwamba jike huyalinda mayai yake mchangani kwa takriban miezi 3, na kwamba mamba huweza kukaa chini ya maji muda mrefu akingoja mnyama anayerudi kila siku mahali palepale kwa saa ileile, huwa na maelezo mengine mkononi. Ataelewa kwa nini aliyechukuliwa ni yule aliyeteka maji alfajiri kwenye mwalo uleule kila siku. Hakuna aliyemtuma mamba. Mazoea yetu ndiyo yaliyomwita. Hapo ndipo tunapoona faida ya kweli ya Makumbusho Hai, ikiwa maelezo hayo yatatolewa kwa lugha ambayo mama na mtoto wa Kabezi wanaielewa.

Maji yanapopanda

Suala hili halijawa la zamani. Tangu mwishoni mwa miaka ya 2010 maji ya Ziwa Tanganyika yamekuwa yakipanda. Mwaka 2020 mafuriko makubwa yalipiga Gatumba, karibu na Rusizi, na maelfu ya watu walihama. Katika miaka iliyofuata maji yaliingia katika nyumba, hoteli na mitaa ya Bujumbura na sehemu za mwambao hadi Rumonge, na viboko na mamba wakaonekana karibu na makazi ya watu. Si mara ya kwanza: mwanzoni mwa miaka ya 1960 maziwa ya Afrika Mashariki yalipanda vilevile. Tofauti ni kwamba wakati ule ufukwe ulikuwa na watu wachache. Sheria ya maji ya Burundi ya mwaka 2012 iliagiza kuachwa ukanda wa mita 150 kando ya Ziwa Tanganyika. Kwa maskini wa mwambao, mita 150 huenda ndiyo shamba lake lote. Kwa mamba, mita 150 ni mahali pa kutagia.

Ule ugomvi wa ufukwe tulioutaja mwanzoni, basi, unaendelea, na ufukwe wenyewe unazidi kuwa mwembamba.

Kazi iliyo mbele yetu

Burundi ilijiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki tarehe 1 Julai 2007, na Kiswahili kimeingia katika shule zake. Walimu wengi wa somo hilo hutegemea vitabu vilivyoandikwa kwa mazingira ya Dar es Salaam au Nairobi. Si kosa, lakini vitabu hivyo havimjui mamba wa Kabezi. Tunapendekeza mambo matatu, ambayo hayahitaji fedha nyingi.

Kwanza, mwalimu anayewapeleka wanafunzi Makumbusho Hai asiwaache wapite tu mbele ya mabwawa. Awape daftari. Kila mnyama aandikwe kwa Kiswahili, kwa Kirundi na kwa jina linalotumiwa kijijini kwao kama lipo: mamba, kenge, chatu, swila, kobe, kinyonga. Wanafunzi wa mwambao watakuwa walimu siku hiyo.

Pili, wanafunzi wa vyuo wanaotafuta mada za tasnifu wasikimbilie zote kwenye riwaya za waandishi walewale. Msamiati wa wavuvi wa Kabezi, Minago na Rumonge, wa pepo, nyavu, samaki na hatari za majini, unastahili mtafiti mwenye subira. Maneno ya tahadhari ndiyo ya kuandikwa mapema zaidi, kwa maana neno la tahadhari likipotea, huenda na mtu.

Tatu, na hili tunalisema kwa uzito, tunapokwenda kuuliza habari za mamba tuulize pia habari za watu. Nani alichukuliwa? Aliitwa nani? Alikuwa akifanya nini? Kama familia inaridhia, liandikwe jina katika daftari linalobaki kijijini. Watu 300 wa masimulizi huenda wakawa 30, huenda wakawa wengi kuliko 300. Ni bora orodha fupi ya majina ya kweli kuliko tarakimu ndefu isiyo na mtu ndani yake.

Pale Mugere jiwe lipo, na majina mawili yanasomeka vizuri. Msomaji akijaliwa kupita barabara ya Rumonge asimame alitazame, kisha ateremke kidogo hadi kwenye maji, aulize watu wa pale ufukwe huo wanauitaje. Aandike atakachoambiwa. Lakini asisimame karibu sana na maji, hasa jioni.